Mguu Niponye

Nilitoka Uruguai, nchi ambayo ardhi yake
hulala fofofo kama ng'ombe aliyeshiba,
nikaolewa pwani ya Chile.

Usiku wa kwanza glasi zililia kabatini.
Nikaruka kitandani, mlango uko wapi, mguu niponye!
Mama mkwe, Eduvigis, hakuacha hata kufuma.
"Hilo si tetemeko. Hicho ni kikohozi."

Asubuhi akasukuma vipande viwili vya unga mezani.
"Huu sakafu ya bahari. Huu sisi."
Wa bahari akauingiza chini ya wa kwetu,
polepole, ukakwama, ukingo ukakunjamana.
"Husukuma hivi miaka nenda miaka rudi,
kwa mwendo wa ukucha unavyoota.
Siku ukikwamuka..."
Akaipiga meza kofi. Siagi ikaanguka.

Kabati lake limekazwa ukutani kwa skrubu nne;
ya tano ilipotea, tundu lipo.
Viatu chini ya kitanda, kwa ajili ya vioo vitakavyovunjika.
Filimbi kwenye funguo.
Picha ya marehemu Nibaldo aliiondoa juu ya mto wangu:
"Alikuwa mpole, lakini fremu yake nzito."

Na likianza, alisema, usiusikilize mguu wako.
Wanaokimbilia nje ndio hukutana na vigae.
Piga magoti, ingia uvunguni mwa meza,
kinga shingo, shika mguu wa meza:
huo ndio mguu wa kukuponya.

Lilikuja Agosti, saa tisa usiku.
Nyumba ilipigwa pepeto, sahani zikamwagika,
nasi chini ya meza, yeye akihesabu kwa sauti
kama anayepima kitambaa cha mteja mbishi.
Sitini na tatu. Sitini na nne.
Akanifinya mkono.
"Likidumu hivi, na bahari imelisikia."

Lilipotulia akafunga gesi,
akanisukumia viatu gizani.
"Sasa ndiyo zamu ya miguu."
Hatukungoja king'ora. Tulipanda kilima
na majirani waliojifunga blanketi,
mmoja kabeba birika, mwingine kasuku.

Bahari haikuja.
Hakuna aliyelalamika kwamba amepanda bure.

Kulipokucha nikatazama miguuni:
buti za mwanamume, kamba mpya,
zimepakwa rangi juzi tu.
Nibaldo amekufa miaka kumi na mmoja.

Eduvigis alikuwa anatazama maji.
"Zinapwaya?" akauliza.