Bado Kinapwaya

Kijijini Tsvirani, juu kabisa Svaneti,
ng'ambo ya mto pana ukuta wa jiwe,
mweusi, mnyevu, usioota hata kuvu.
Mwaka mzima ni jiwe kama mawe mengine:
ulipigie kelele, likurudishie kelele.
Lakini theluji ikianza kuyeyuka
huja siku (tumewahi kuhesabu kumi na tisa,
tumewahi kuhesabu nne)
ambapo mwangwi hutangulia sauti.

Unasikia chafya yako, ndipo pua inawasha.
Mbwa wa Murzakan hubweka ng'ambo alfajiri
na mama zetu huinjika maharage,
kwa kuwa mgeni yuko njiani,
ingawa mbwa mwenyewe bado amelala, pua mkiani.
Wasemao majuto ni mjukuu
hawajalala kwetu mwezi wa nne.
Kwetu majuto ni bibi:
amefika zamani, ameshavua viatu,
ameketi karibu na jiko akisubiri tuzaliwe.

Desturi ni moja tu, deni hulipwa.
Ukijisikia ukutani, siku ikifika fungua kinywa,
useme ulichokwisha kusema.
Besarion alikaidi. Alijisikia akimwomba nduguye msamaha,
akaapa hatamwomba.
Alikufa na miaka sabini, na mpaka leo
majira yakirudi, ukuta unaomba msamaha
kwa sauti ya kijana,
na wa kuitikia hayupo.

Mwaka ule ilikuwa Jumanne. Mama yangu, Mzekala,
alikuwa akitwanga chumvi na kitunguu saumu na uwatu.
Mchi ukasimama hewani.
Ng'ambo, sauti yake ilikuwa ikipasuka:
"Gela! Gela, rudi!"
Tukamtazama Gela. Yupo mlangoni,
anakwangua tope la kiatu, miaka kumi na minne,
mdomo umejaa mkate.

Mama hakulia. Alichukua kitambaa cha kuchujia jibini
akajifunga kinywa, fundo kisogoni.
Alichofikiri nakijua, ningefikiri hivyo hivyo:
mlio ukikosa koo, msiba utakosa mlango.
Siku kumi na moja alikula usiku, ametupa mgongo.
Alimficha Gela viatu.
Siku zenyewe zilikunjana kama shuka kabatini,
nikaikumbuka Jumapili ambayo haikuwa imefika.

Siku ya kumi na mbili Gela alitoka pekupeku
kumfuata ndama aliyevuka daraja.
Mama alimwona kwanza. Nilimwona akimwona:
mikono miwili kwenye fundo,
na fundo, lililolowa mate na kukauka mara kumi na moja,
halikufunguka.
Juu, theluji ilikuwa imeinua bega.

Nikapiga kelele mimi.
"Gela! Gela, rudi!"
Sikujua kwamba koo langu limeshakuwa lake.
Ilitoka sauti ile ile, na mpasuko ule ule, pale pale,
kama ufunguo ulioingia tundu lake.
Gela akageuka, akakimbia,
na daraja likaondoka nyuma ya visigino vyake,
na ndama.

Kisha kimya. Ukuta haukujibu.
Ulikuwa umeshajibu Jumanne.

Kitambaa tulikikata kwa mkasi wa kondoo.
Neno la kwanza la Mama lilikuwa kuhusu viatu.

Jana, nikikamua, nimesikia ng'ambo kicheko
cha kikongwe, kikavu, chenye kikohozi ndani yake.
Kinafanana na cha Mama. Kinafanana na changu.
Sikumuuliza mtu.
Nilimaliza kukamua, nikafunika ndoo,
nikakijaribu kicheko kile polepole, kwa pumzi tu,
nione kama kinanikaa.

Bado kinapwaya.