Karatasi ya Byaombe

Faranga mia tano, kalamu uje nayo.
Byaombe alinikunjia karatasi ikiwa bado na joto
la mashine ya fotokopi, akasema: Mama Kavira,
usiniulize kitu. Karatasi inajua.

Miaka kumi na tisa naishi Mapendo.
Nikadhani nitamaliza kabla maharage jikoni
hayajaomba maji mara ya pili.

    Dirisha lawa mlango, ghorofa yawa ya chini;
    hesabu vidato vyangu, vinavyogota jiweni.

Hiyo rahisi. Kwa Nzigire wa mandazi,
ambako moto wa mlima ulipita ukameza nusu ya nyumba
na watu wakaanza kuingilia dirishani, wakazoea,
wakatia bawaba, wakatia komeo,
wakaliita mlango.
Nimenunua pale tangu mtoto wangu wa kwanza alipoota meno.
Sijawahi kuingia.
Ngazi iko nyuma ya pipa la unga. Inashuka
kidato, kidato, kidato, kidato,
halafu jiwe jeusi, kama mtu aliyekatizwa neno.

Nikaandika: vinne.

    Farasi wa mti mimi, petroli sijaionja;
    tafuta anichongaye, mpigie hodi, ngoja.

Katembo alikuwa amelaza chukudu mpya ubavu,
anapigilia kipande cha tairi kuukuu kwenye gurudumu la mbele,
misumari mdomoni.
Nikamwambia nataka nambari.
Akatema msumari mmoja. "Kwanza niambie huu mti gani."
Mkaratusi, nikasema.
"Huo ni wa shingo. Na gurudumu?"
Sikujua. Akaninusisha maranda kiganjani mwake,
harufu ya dawa, ya mvua, ya kitu kilichokasirika,
wala hakulitaja jina.
Saba, akasema, akarudi kwenye nyundo yake.

    Vichwa sita ukutani, havili wala havinywi;
    kimoja hakina jicho, hicho hakihesabiwi.

Hapa karatasi ilikosea.
Ukuta wa kinyozi Rubuga ulikuwa buluu, wote,
buluu ya kampuni ya simu,
na rangi bado ilinata kidoleni.
Vilikuwa vitano, alisema muuza makala.
Sita! alisema Rubuga, mimi ndiye niliyemlipa mchoraji.
Jicho lilibanduka siku ardhi ilipotikisika.
Hapana, lilikuwa kokoto la motari.
Hapana, mchoraji alikwenda kula hakurudi.
Watu wakajaa. Mmoja akaeleza kichwa cha kwanza,
panki iliyolala kushoto; mwingine cha tatu, chenye ndevu;
mpiga pasi akachora angani kwa pasi ya moto
hata tukarudi nyuma.
"Na kile cha pembeni," akauliza mtoto,
"si ndiye yule mdogo wako?"
Rubuga akachukua mkasi akaanza kuufuta.
Ulikuwa safi tayari.

Nikaandika vitano. Nikafuta. Nikaandika sita.

Sanduku lilikuwa chini ya meza ya fotokopi.
Nne, saba, sita: kufuli likafunguka.
Nne, saba, tano: likafunguka.
Byaombe akacheka hadi akashika meza.
"Kufuli la Birere hilo, Mama Kavira,
hata ukipiga chafya linakubali."
Ndani, andazi moja ndani ya gazeti,
limepoa.

Nilikula nikitembea. Miguu ikanirudisha dirishani.
Nzigire, nikauliza, hiyo ngazi
zamani ilikuwa na vidato vingapi?

Hakuinua macho kutoka kwenye mafuta.
"Kumi na viwili. Cha tisa kilikuwa kimemeguka.
Tulikuwa tunakiruka."

Maharage yangu nilikwisha kuyasikia yakiungua
toka kona ya pili.
Nikashika njia ya nyumbani, juu ya lile jiwe,
na mahali fulani, sijui kwa nini hapo,
mguu wangu ukaruka kitu.