Magadi

Nimezunguka supamaketi hapa Moshi mara tatu
nikiuliza magadi.
Kijana wa fulana nyekundu akanipeleka kwenye sabuni.
"Ya kufulia, mama?"
Ya kiburu, baba. Ya ndizi na maharage.
Akakuna kisogo, akaenda kumuuliza mwenzake
na hakurudi.

Chumvi ya rangi ya waridi ipo,
imetoka milima nisiyoijua, bei yake kuku mzima.
Magadi nikayakuta mwenyewe, nimeinama,
rafu ya chini, nyuma ya chakula cha paka:
yamesagwa, yametiwa kichupani,
kifuniko cha dhahabu,
na tarehe ya kuharibika.

Kuharibika! Magadi!

Bibi Ndeanasia alikuwa na bonge lake darini jikoni,
limekula moshi tangu mama hajaolewa.
Alilikwangua kwa ncha ya kisu,
vumbi la kubana vidole viwili tu,
na maharage magumu kama kokoto yakasalimu amri.
Alipofariki mashangazi waligombea shamba.
Bonge hakuna aliyelitaja.
Sijui nani alifagia.

Nimelipa elfu tatu mia tano.
Risiti imeandika:
VIUNGO, MENGINEYO.