Kitongoji Kisicho na Alama

Karufunjo haimo katika ramani niliyopewa.
Kuna vijistari vya samawati tu, alama ya kinamasi,
vimechorwa kama ndevu za mtu asiye na kioo,
na mpaka wa tarafa mbili zinazosukumiana bonde hilo
kama majirani wawili na mbwa asiye na mwenyewe.

Nalipwa kwa kigingi. Niseme mapema.
Mimi mtu wa Tororo, mwana wa kambini,
baba alipiga tarumbeta, na Kiswahili hiki
ndicho alichoniachia, hicho na kofia.
Watu wa huku wakikisikia hunyamaza kwanza:
lugha hii iliwahi kuwajia na bunduki.

Nilishuka toka barabara ya Kabale alfajiri.
Ukungu ulikuwa umelijaza bonde hadi kiunoni mwa vilima,
mtama juu yake umepanda ngazi kwa ngazi,
na chini nikasikia ng'ombe ambao sikuwaona,
kengele, kikohozi, ndoo ya maziwa ikitua juu ya jiwe.

Nyumba kumi na tisa, zote ng'ambo moja ya mfereji.
Ng'ambo ya pili ni viazi, na korongo wawili wenye taji
wakipita matutani kama wakaguzi.

Mfereji ulichimbwa kwa jembe na kwa amri.
Mkoloni alisema: kausheni, mtakula.
Kila mlipa kodi hatua kumi, kwa mguu wa mnyapara,
na mnyapara, wanavyosimulia, alikuwa twiga.
Bafaki alichimba kumi zake, kisha kumi za nduguye
aliyetoroka kwenda kupalilia kahawa ya watu Buganda.
Bafaki: jina hilo ni swali, wanakufa kwa nini?
Yeye alikufa kwa kichomi.

Kabla ya hapo palikuwa mafunjo, yamemzidi mtu kimo,
kambare, nzohe wa kwato ndefu, na njia moja ya magogo
waliyoijua wezi na wakunga.
Udongo ulipokauka ukawa mweusi kama masizi, ukazaa;
ukikauka mno, huwaka.
Mwaka mmoja moto uliingia ardhini ukatembea wiki sita
bila mtu kuuona, ukaibukia chini ya kitanda cha Tibamanya.
Aliruka na godoro.
Hadi leo hulala karibu na mlango.

Sasa serikali, ambayo si ile lakini kalamu ni ileile,
imesema: maji yarudi.
Mita thelathini toka ukingoni, kigingi cha saruji.
Ngabirano, mjukuu wa Bafaki, alinibebea vigingi
kwa shilingi elfu tano kutwa.
Hakulalamika. Aliuliza jambo moja:
ukingo upi, wa Januari au wa Aprili?
Nikatazama karatasi. Karatasi haikujua.

Cha kumi na moja kiliangukia jikoni mwa bibi yake, Kyarisiima.
Mafiga yakawa ya serikali, kitanda kikabaki chake.
Alipima kwa macho, akaivuta sufuria shubiri moja
kuja upande wake,
akaendelea kukoroga uji.
Akanimiminia kikombe.
"Mtu wa amri," alisema, "kunywa, unapoa."
Ulikuwa uji wa mtama, mchachu, wa moto.
Niliunywa nikiwa nimesimama juu ya mstari.

Mchana, ukungu ulipoinuka, nilitoa penseli
niandike jina kati ya vile vijistari.
Wakabishana. Karufunjo, alisema Ngabirano.
Akarufunjo, alisema Tibamanya, wewe umezaliwa jana.
Mwingine akaleta jina la zamani zaidi,
la kabla ya mfereji, lenye mlio wa chura ndani yake,
wakaanza upya.
Nami nimechutama, ramani gotini,
ncha ya penseli juu ya samawati,
nasubiri wamalize.