Mguu wa Kushoto

Dakta Quilodrán aliuleta mfupa kwa gari la kondoo,
umefungwa plasta kama mkono wa mtoto aliyeanguka.
Paja la kushoto. Akanionyesha palipovimba:
"Hapa palivunjika. Na hapa, papasa, pakaunga."
Miaka milioni mia, na nundu bado ipo.

Kazi yangu mimi ni nyama.
Wenzangu huchimba, mimi huvisha:
msuli juu ya msuli, mafuta kidogo shingoni,
ngozi ya kuazima, kwa kobe, kwa kiwiko cha shangazi,
kwa tope la mto Chubut likikauka Januari.
Rangi hatuijui. Nilimpaka ya vumbi.
Hapa Trelew vumbi halimkosei mtu.

Siku tisa alitembea kwenye skrini
kama meza inayosukumwa.
Nikampunguzia kasi, nikamwongezea tani,
nikautikisa mchanga chini ya nyayo.
Meza.

Usiku wa kumi baba akaja na supu.
Idwal, mkata manyoya, aliyeangushwa na farasi
mwaka niliozaliwa. Mganga hajigangi, husemwa;
yeye alijiganga, kwa mbao za kreti na kamba ya mzigo,
maana hospitali ilikuwa mbali
na kondoo elfu mbili walikuwa karibu.
Akavuka chumba. Supu haikumwagika.
Maisha yangu yote nimemtazama akivuka vyumba
na sikuwa nimemwona.

"Rudi mlangoni, baba. Uje tena."
"Itapoa."
"Na ipoe."

Nilimrekodi mara kumi na nne.
Bega hutangulia. Nyonga huomba ruhusa.
Mguu wenyewe hauburuzwi, la,
unacheleweshwa kidogo hewani,
kama wa mtu afutaye kiatu
kabla ya kuingia kwa watu.
Fremu saba, pale mzima angetumia tano.
Hizo mbili za ziada nikamkabidhi mnyama
na tani zake zote zikaamka.

Mtayarishaji akapiga simu kutoka ng'ambo:
"Mbona anachechemea? Watazamaji watadhani
kompyuta imekosea."
Dakta akanipokonya simu. "Mfupa ndio uliosema."
Wakabishana mpaka bei ya simu ikawa aibu.
Tukaachiwa sekunde nne.
Kwingineko amesimama, magoti ndani ya ukungu,
ukungu niliouchora mimi, na ninauchukia.

Jioni ya kuonyeshwa, baba alisinzia
volkano zikilipuka, wenye meno wakifukuzana.
Sikumwambia kitu. Sikumwamsha pia.
Akafumbua macho mwenyewe,
mnyama akivuka bonde peke yake, bila muziki.
Bega. Nyonga. Ule mguu.

"Huyu," akasema, "alijiganga."

Akainuka kwenda kuzima jiko.
Nami gizani, nikihesabu:
tano, sita,
saba.