Dirisha la Mashariki

Tuliifundisha mashine kuchambua sufu
huko Punta Arenas, ambako upepo
huifanya miti ikue imepiga magoti.
Mwalimu wake alikuwa Ercilia Nahuelquín,
miaka arobaini ya kutia vidole katika sufu
na kutamka: laini. Ya kati. Ya mazulia.

Picha elfu kumi na tisa,
kila moja na neno lake, kama mtoto na jina.
Mashine ikatazama, ikakosea, ikatazama tena,
hadi ikawa inajibu kabla yeye hajafumbua kinywa.
Tukapiga makofi. Mimi nilikuwa wa kwanza.

Kisha tukaihamishia ghala la Natales,
lisilo na dirisha, lenye taa nyeupe za mirija,
na mashine ikasema kila robota ni la mazulia.
Hata sufu ya mwanakondoo. Hata skafu yangu.

Siku tatu nilitafuta kosa kwenye nyaya.
Ercilia ndiye aliyecheka:
"Sufu laini naichambua asubuhi,
vidole havijachoka,
jua linaingia dirisha la mashariki."

Kumbe haikuwahi kuijua sufu.
Ilijua saa.

Tukapiga picha upya, usiku, mchana, mawinguni.
Alama zikapanda. Lakini safu moja ya jedwali
haikuninyookea: shamba la Oyarzo,
mwaka baada ya mwaka, daraja moja chini.
Nikafuta jina la shamba. Ikaendelea kulishusha.
Nikafuta namba ya robota. Ikaendelea.
Ilikuwa imekwisha kuvijua vijimiba vya kalafate
vinavyoota bonde lile tu na kung'ang'ania manyoya.

Mkuu wangu akasema: ongeza picha.
Haba na haba hujaza kibaba.
Naam. Na kibaba chenyewe kikiwa kimebonyea?
Kosa la kubahatisha huyumba huku na huku,
wingi hulichosha likajifuta.
Kosa lililoegemea upande
wingi hulinenepesha,
mpaka linaketi kitini na kuitwa ukweli.

Nilimwuliza. Akajaza kibuyu chake cha yerba,
akanyonya, akakaa kimya muda mrefu.
"Mzee Oyarzo alimdhulumu kaka yangu
mshahara wa msimu mzima. Nilikuwa msichana.
Sikujua kwamba vidole vyangu vinakumbuka."

Hakujua.
Mashine nayo haikujua,
ila yeye aliweza kuulizwa.

Tukamfunga kitambaa machoni, achambue upya
bila kuambiwa mzigo umetoka wapi.
Robota la nne, kijimiba kikamchoma.
Mkono ukasimama hewani.
Akaliweka fungu upande wa laini,
akasita, akalirudisha mezani.
"Sasa," akasema, "sijui kama natenda haki
au nalipa deni."

Nikaliandika na hilo.
Sikupata safu ya kuliweka.