Somo la Kuchagua

Kwanza lilibadilishwa jina.
Nilikuwa nimeandika: Historia ya Watu Weusi wa Ghuba.
Kamati ilikaa Suhar, chumba cha baridi kali,
kahawa ikazunguka, vikombe vikatikiswa,
mkuu wa kitivo akasema kwa upole:
"Weusi ni neno zito, Dokta Zuwena. Andika Mchango."

Mchango!
Kwetu mchango ni wa arusi na matanga,
hutoa aliyealikwa.
Hawa nani aliwaalika?
Nikaandika Mchango. Nilitaka chumba.

Ng'ambo, nilisoma, vijana walilala
sakafuni mwa ofisi za wakuu,
wakafukuzwa, wakarudi,
hata mlango wa idara ukafunguliwa.
Sisi hatukulala popote.
Tulijaza fomu, nakala tatu, na muhuri.
Miaka sita.

Jumatatu, saa nane mchana, chumba namba kumi na nne,
projekta mbovu, wanafunzi saba.
Mmoja alikuja kwa kuwa madarasa mengine yamejaa.
Mmoja aliuliza kama kuna mtihani.
Bakhita wa ukoo wa Sangur alikaa nyuma, ubavuni mwa mlango,
kama mtu aliyeacha gari likiunguruma nje.

Niliwapa kurasa za daftari la kale, bila maelezo:
Ambari. Yakuti. Zafarani. Almasi. Kafuri.
"Bidhaa," akasema wa mbele. "Duka la manukato."
Geuzeni ukurasa, nikawaambia.
*Kafuri, miaka kumi na miwili, kovu shavuni,
mama hamjui.*
Kiyoyozi kikasikika.
Kafuri sote tunaijua.
Ndiyo tunayooshea maiti.

Mama alinipigia usiku ule, kwa Kiswahili chake cha Ng'ambo ya Unguja,
lugha tunayoifungia jikoni wageni wakija.
"Unawafundisha nini watoto wa watu?
Funika kombe, mwanaharamu apite."
Mama huyu ndiye aliyeirudisha posa ya dada yangu
kwa neno moja, *khadimu*,
alilolitamka polepole, kama anayetema kokwa ya tende.
Nikamuuliza: mwanaharamu ni nani, mama?
Akasema simu yake inaisha chaji.

Wiki ya tano Thuraya akaleta karatasi
kutoka kasha la babu yake,
ndani ya mfuko wa nailoni wa duka la simu.
Alisoma vizuri, kwa sauti ya tajwidi:
mjakazi mmoja, reale tisini, salama, hana ila,
pamoja na mitende ishirini, ndimu za upande wa kusini,
na zamu ya maji ya falaji, nusu siku.
Alipofika kwenye jina akasita.
*Zafarani, mama yake Sangur.*

Hakuna aliyegeuka. Ndivyo tulivyolelewa:
jambo likiwa kubwa, tunatazama viatu.

"Rudia pale kwenye maji," akasema Bakhita.
"Nusu siku."
"Zamu hiyo bado mnayo?"
Thuraya aliikunja karatasi, akaikunjua.
"Bado."
"Sawa," akasema Bakhita, akaandika.

Nilikuwa nimeandaa hotuba kwa siku kama ile.
Nadharia, tarehe, majina ya wataalamu.
Nilifuta ubao uliokuwa mtupu.

Mwisho wa muhula akaleta insha: "Nusu Siku".
Kurasa kumi na moja, tanbihi arobaini,
na ya arobaini inasema:
*Bibi yangu, jikoni, Ijumaa, akichambua samaki.
Aliniambia Zafarani alijiita jina jingine akiwa peke yake.
Bibi analijua. Amekataa kunipa niliandike.*

Mtahini wa nje akairudisha, wino mwekundu:
*Chanzo hiki hakithibitiki. Kiondolewe.*

Nimeketi nayo tangu adhana ya alasiri.
Nje bustani ya chuo inamwagiliwa, maji yanalipwa na wizara.
Nimempa alama yake.
Tanbihi nimeiacha ilivyo,
na pambizoni, kwa penseli,
nimeanza kuijibu barua ya mtahini,
nikafuta,
nikaanza tena.